Jina moja kwa waigizaji, jina hilohilo kwenye mapambo ya seti: wazee wa Yeşilçam walivyokuwa wanapiga kazi

Dada mmoja wa Tanga kaniandikia, nafupisha: "Shikamoo mwalimu. Tangu nianze kufuatilia tamthilia za Kituruki za Azam nimejikuta narudi nyuma natafuta zile filamu zao za kizamani. Sasa kuna kitu kinanichanganya, nakuta jina la mtu kwenye waigizaji alafu jina hilohilo liko chini kwa watu wa mapambo ya seti. Ni mtu mmoja au majina yamegongana? Na kama ni mmoja alikuwa anahesabika nani, mwigizaji au fundi? Nauliza kwa sababu mi mwenyewe naigiza na ndo ninayepanga seti kwenye kikundi chetu, na kila mtu ananiambia nichague moja."

Marahaba dada. Kwa filamu za miaka ya 50 mpaka 80 mara nyingi ni mtu mmoja kabisa. Wewe umeona mapambo tu, lakini ukikaa na majina ya hizo filamu utakuta mwigizaji ndo huyohuyo meneja wa uzalishaji, mwingine kaandika skripti, mwingine ni dairekta na humohumo kajipa nafasi ya kupigwa ngumi. Haikuwa kipaji cha ajabu wala njaa peke yake, ni namna biashara yenyewe ilivyokuwa imesukwa, na usipoielewa hiyo biashara huwezi kuielewa kazi ya mtu wa namna hiyo, utamuona tu kama mtu aliyekosa msimamo.

Yeşilçam ni kimtaa kidogo tu Beyoğlu, Istanbul, pembeni ya ile barabara kubwa ya İstiklal. Maprodyuza walijazana ofisi zao maeneo hayo mpaka jina la mtaa likawa jina la sinema yote ya Uturuki. Kilichowasha moto ni kodi, mwaka 1948 ushuru wa tiketi kwa filamu za nyumbani ulishushwa sana kuliko wa filamu za nje, ghafla kila mwenye hela kidogo akaona kutengeneza muvi kunalipa, na kazi ikapanda mpaka kufikia 1972 nchi ile ilitoa filamu karibu 300 kwa mwaka mmoja. Hebu gawanya mwenyewe hiyo hesabu kwa siku za mwaka. Sasa ukifikiria filamu 300 unafikiria na majumba makubwa ya studio, mabohari ya fanicha, mafundi seremala hamsini wanagonga misumari. Hakuna. Studio za maana zilikuwa chache mno, na filamu ya kawaida ilipigwa kwa wiki chache ikaisha, watu walewale wakahamia nyingine Jumatatu.

Na hela ilitoka wapi? Hapa ndo penyewe. Nchi iligawanywa kwenye kanda za usambazaji, Istanbul, İzmir, Ankara, Adana, Samsun na Zonguldak. Msambazaji wa Adana alikuwa anampigia prodyuza anamwambia mimi watu wangu wanataka stelingi fulani, wanataka kilio, wanataka na ngumi mbili tatu, na anatoa ahadi ya malipo kabla filamu haijapigwa hata picha moja. Ahadi hiyo ilikuwa kwenye karatasi, wao wanaita bono, hati ya kwamba utalipwa miezi kadhaa mbele. Prodyuza anachukua hizo karatasi, kipande kikubwa kinaenda kwa stelingi na mwanadada maana bila wao Adana hainunui, kipande kingine kinaenda kwenye mkanda wa filamu ambao ulikuwa unaagizwa nje kwa fedha za kigeni na ulikuwa adimu kiasi kwamba tukio lilipigwa mara moja na likapita hivyohivyo. Kinachobaki ndo mapambo, ndo nguo, ndo waigizaji wa pembeni wote. Kwa hiyo mtu anayeweza kusimama mbele ya kamera kama daktari au inspekta wa polisi, na mtu huyohuyo asubuhi kakutafutia kochi, simu ya mezani na pazia, kwa prodyuza huyo ni lulu.

Lakini kuna jambo la pili ambalo watu wengi wanaliruka na mimi naona ndo zito zaidi. Filamu zile zilipigwa bila sauti. Kwenye seti kulikuwa na mtu amekaa pembeni na skripti anasoma mstari kwa nguvu, mwigizaji anaurudia hapohapo, na baadaye kwenye studio ya sauti watu wengine kabisa ndo wanatia sauti. Sauti ya Adalet Cimcoz imesikika kwenye midomo ya mastaa wengi wa kike kuliko unavyoweza kuamini, na baada yake Jeyan Mahfi naye hivyohivyo, wewe unamuona huyu lakini unamsikia yule. Sasa piga picha maana yake kwa mwigizaji wa pembeni. Hahitaji kukariri usiku kucha, hahitaji kurudi studio, hahitaji hata kuwa na sauti nzuri. Anatakiwa awe na sura inayoeleweka haraka na awepo. Na nani yupo kwenye seti tangu alfajiri mpaka taa zinazimwa? Mtu wa mapambo. Dairekta anageuka anaona mwigizaji wa kuwa mtumishi wa nyumba hajafika, anamuangalia yule aliyekuwa anasogeza meza, anamwambia vaa koti lile ufungue mlango. Ukishafungua mlango vizuri filamu mbili tatu, ya nne unapewa na mistari, na ikifika ya kumi watazamaji wanakujua sura japo jina hawalijui. Na wengine walikwenda upande wa pili, mtu alianza kama mwigizaji, siku hizo hakuna nafasi, akaambiwa basi njoo utusaidie vitu vya seti.

Kwa hiyo alikuwa anafanya nini hasa huyu mtu wa mapambo? Sahau kuchora seti kwenye karatasi na kuijenga toka sifuri, hiyo ilitokea kwa filamu chache. Kazi kubwa ilikuwa kugeuza mahali pa kweli. Ile nyumba ya tajiri unayoiona kwenye karibu kila filamu ya mapenzi, ngazi pana zinashuka sebuleni, taa kubwa ya vioo inaning'inia, madirisha yanaangalia mlango wa bahari wa Bosphorus, ile ni nyumba ya watu, imekodiwa. Mwenye nyumba kaachia sebule na ngazi, vyumbani hakuna ruhusa. Mpambaji anafika kabla ya wote, anatoa picha za familia ya watu ukutani, anatundika picha ya yule mzee atakayeigiza baba mwenye viwanda, anaficha vitu vya thamani visije vikavunjwa kwenye tukio la ugomvi, anapanga chupa za kilevi ambazo ndani yake ni chai. Jioni anarudisha kila kitu kilipokuwa, maana nyumba ikichafuliwa mwenyewe hakodishi tena, na prodyuza atamuuliza yeye, hatamuuliza dairekta. Ukiangalia filamu kama kumi za miaka ile mfululizo utaanza kuzitambua ngazi. Ngazi zilezile, wiki hii ni za mfanyabiashara katili, wiki ijayo ni za wakili mstaarabu, kilichobadilika ni kapeti na picha ya ukutani. Mimi hiyo naiheshimu sana kuliko seti ya kujengwa kwa mamilioni, maana hapo mtu anabadilisha tabia ya nyumba kwa vitu vitano.

Mfano mwingine ambao unaupata kirahisi, tafuta Neşeli Günler ya 1978, kaiongoza Orhan Aksoy. Mume na mke, Münir Özkul na Adile Naşit, wanagombana mpaka wanaachana kisa achari, mmoja anasema achari nzuri inatengenezwa kwa limao mwingine anasema kwa siki, basi familia inapasuka nusu kwa nusu. Mchekesho wote unasimama juu ya duka la achari, mitungi imepangwa mpaka juu, na ukiangalia kwa jicho la mpambaji utaona ile mitungi inafanya kazi ya uigizaji, hata kabla mtu hajafungua mdomo ushajua hawa watu wameoza kwenye hii biashara na hawawezi kuiacha. Au ile Hababam Sınıfı ya 1975 ya Ertem Eğilmez, ile shule ya bweni yenye wanafunzi watundu. Ni jengo la kweli la zama za Waottoman, Adile Sultan Kasrı pale Validebağ upande wa Asia wa Istanbul, ukaweka madawati, ubao na vitanda vya bwenini ndani ya kasri la binti mfalme na watu wazima wote wa Uturuki mpaka leo wanaamini ile ilikuwa shule yao.

Upande wa filamu za kihistoria ndo kulikuwa na vichekesho vyake. Hapo sasa ilibidi wajenge, na wajenge kwa plastiki, plasta, mbao nyembamba na vitambaa vilivyopakwa rangi. Tarkan: Viking Kanı ya 1971, Kartal Tibet ndo stelingi, ina pweza mkubwa wa bandia ambaye mpaka leo watu wanamcheka, mikono yake inabidi mwigizaji mwenyewe aishike ajikabe nayo. Cheka, lakini fikiria mtu aliyepewa siku chache na hela ya mboga akaambiwa tutengenezee pweza wa kula watu. Alimtengeneza. Na pweza akaonekana kwenye filamu, na filamu ikauzwa kanda zote.

Rangi nayo ilibadilisha kazi kimyakimya. Filamu ya kwanza ya rangi kule ni Halıcı Kız ya 1953, ya Muhsin Ertuğrul, lakini kwa muda mrefu baada ya hapo wakaendelea na nyeusi-nyeupe kwa sababu ya gharama, mpaka mwishoni mwa miaka ya 60 na mwanzoni mwa 70 ndo rangi ikashika moja kwa moja. Wakati wa nyeusi-nyeupe pazia la zamani unaligeuza tu upande wa pili, hakuna anayejua ni kijani au kahawia, kikombe chochote ni kikombe. Rangi ilipoingia mpambaji akaanza kupata kesi, ukuta umegongana na gauni la mwanadada, kochi jekundu linamla stelingi. Ndo maana filamu zao za miaka ya 70 zina ile fujo ya machungwa na bluu, kidogo ni mitindo ya wakati ule na kidogo ni watu wanajifunza kazi upya huku kamera inazunguka.

Umeuliza pia kama alihesabika mwigizaji au fundi. Walikotoka wengi wao hilo swali halikuwepo. Kuna waliotoka kwenye tuluat, maigizo ya papo kwa papo yanayozunguka miji, ambako ukishuka kwenye gari unabeba mbao za jukwaa mwenyewe na usiku unapanda juu yake kuchekesha. Na nyuma zaidi kuna orta oyunu, igizo la uwanjani ambalo mapambo yake yote ni vizuizi viwili tu vya kusimamisha, kimoja kinakuwa nyumba kingine kinakuwa duka, basi, mengine mtazamaji anajazia kichwani. Münir Özkul niliyemtaja hapo juu ndo alipewa kile kilemba cha wachekeshaji, kavuk, na İsmail Dümbüllü mwaka 1968, kwa hiyo ule ukoo ulikuwa haujakatika. Kundi lingine lilitoka Akademi ya Sanaa pale Istanbul, wachoraji hasa. Ayhan Işık unayemsikia anaitwa mfalme wa sinema yao alisoma uchoraji, kaingia kwenye filamu kwa kushinda shindano la jarida la Yıldız mwaka 1951. Duygu Sağıroğlu alianza kwenye mapambo ya seti, akaishia kuongoza mwenyewe, Bitmeyen Yol ya 1965 ni yake, na ukiitazama unaona kabisa ni mtu aliyezoea kuangalia kuta na vyumba, wale vijana waliotoka kijijini kuja kutafuta kazi mjini wanabanwa na nyumba zenyewe. Kartal Tibet wa pweza naye baadaye akawa dairekta mkubwa wa vichekesho, Tosun Paşa ya 1976 ni yake. Lütfi Akad, ambaye kwa wengi ndo baba wa uongozaji wao, aliingia kwenye sinema kwa mlango wa hesabu za kampuni. Watu walikuwa wanavuka mipaka kila siku, hakuna aliyesimama getini kuuliza cheti.

Na kuna Wagiriki na Waarmenia wa Istanbul, hawa usiwasahau maana Beyoğlu ilikuwa mitaa yao, na kwenye kamera, maabara na ufundi wa seti walikuwepo tangu mwanzo, Kriton İlyadis kwa mfano ni jina kubwa sana kwenye kamera. Waliosimama mbele ya kamera wengi walibadilisha majina, Kenan Pars jina lake la kuzaliwa ni Kirkor Cezveciyan, Sami Hazinses ni Samuel Agop Uluçyan. Nakwambia hili kwa sababu unafuatilia majina, kwa hiyo ukikuta mtu ana jina moja kama fundi na jina jingine kama mwigizaji usishangae, na ukikuta jina limekosewa herufi kwenye filamu tatu mfululizo usidhani ni watu watatu. Tena majina mengine hayaandikwi kabisa. Alafu filamu nyingi zimepotea, ghala la filamu la manispaa ya Istanbul liliungua 1959 na sehemu kubwa ya kazi za mwanzo ikaenda na moto, kwa hiyo orodha yoyote ya kazi za mtu wa pembeni ichukulie kama imepungua.

Maisha yao sasa. Hapa sitakupamba. Wale wa pembeni walikuwa wanakaa kwenye vibanda vya kahawa vya Beyoğlu kusubiri kuitwa, na wakilipwa wanalipwa ile ile bono, ambayo kama una shida leo unaipeleka kwa mkopeshaji anakupa pungufu kabisa ya kilichoandikwa. Bima hakuna, pensheni ya sinema hakuna. Kwa hiyo wenye akili walikuwa na kitu pembeni. Erol Taş, yule adui mwenye sura ya kutisha kuliko wote, aliyecheza kaka mroho wa maji kwenye Susuz Yaz ya Metin Erksan, filamu iliyochukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kubwa ya tamasha la filamu la Berlin, mwaka 1964, huyo mtu alikuwa na kibanda chake cha kahawa mtaa wa Cankurtaran na amekiendesha mpaka uzeeni. Filamu imeshinda Ulaya, yeye anamimina chai. Hulusi Kentmen, baba tajiri mwenye viwanda wa mamia ya filamu, mashavu na masharubu yake kila Mturuki anayajua, alikuwa ofisa wa ngazi za chini wa jeshi la majini, na utajiri aliuona kwenye seti tu.

Mambo yakaanza kuharibika televisheni ilipoingia, TRT, shirika la utangazaji la taifa, walianza kurusha 1968, familia zikabaki nyumbani, na kuanzia katikati ya miaka ya 70 maprodyuza wengi wakakimbilia filamu za ngono ili kujaza viti, waigizaji wengi wa heshima wakakaa pembeni. Mapinduzi ya jeshi ya Septemba 1980 yakazifuta hizo, video ikashika, na miaka ya 90 ikaja karibu patupu mpaka Eşkıya ya Yavuz Turgul mwaka 1996 ndo watu wakarudi kwenye majumba kwa mamilioni. Kwa fundi-mwigizaji hilo pengo ndo lilimmaliza, maana aliporudi alikuta kazi imegawanyika.

Na hii inanileta kwenye tamthilia zako za Azam. Ile Muhteşem Yüzyıl, mnayoijua kama Sultan, ilijengewa kasri lake, kuna mkuu wa sanaa, chini yake kuna watu wa mapambo, watu wa vifaa, watu wa nguo, kila mmoja na timu. Kile kiwanda cha zamani cha viatu cha Beykoz saivi ni uwanja mkubwa wa kupigia picha, mitaa mizima inasimamishwa mle. Kipindi kimoja cha wiki kule kinafika masaa mawili na zaidi ya kutazama, kwa hiyo seti haipumziki na mtu wa mapambo hawezi kukimbia kwenda kuvaa koti la mtumishi, akitoka tu kamera inasimama. Kule leo ungelazimika kuchagua, ndiyo.

Wewe hauko kule. Kikundi chenu ni cha watu wachache, mnapiga kwenye nyumba za watu kama wao walivyokuwa wanapiga, kwa hiyo anayekwambia uchague mwulize kwanza nani atapanga hiyo sebule ukiondoka. Mimi ningekuwa wewe nisingechagua sasa hivi, ila kuna vitu ningevishika kabisa. Siku ambayo una tukio zito la kuigiza, awepo mtu mwingine wa kushika vitu, hata mdogo wako, maana huwezi kulia vizuri huku unaangalia kama glasi imewekwa upande uleule wa tukio lililopita. Piga picha kwa simu kila chumba kabla hujakigusa na kila baada ya tukio, ile ya kwanza ni ya mwenye nyumba na hizi nyingine ni za mhariri. Na malipo yaandikwe mawili, ya kuigiza mbali na ya seti mbali, hata kama yote ni madogo na hata kama wanaokulipa ni marafiki zako, kwa sababu ukikubali bei moja kwa kazi mbili ndo itakuwa bei yako milele. Jina pia litokee sehemu zote mbili kwenye filamu, na liandikwe kwa herufi zilezile.

Ukianza kuangalia, anza na Neşeli Günler alafu Susuz Yaz, ile ya pili imesafishwa upya mwaka 2008 kwa hiyo kopi yake ni nzuri, unaona mpaka tope. Angalia mara moja kwa ajili ya hadithi, mara ya pili zima sauti uangalie kuta na mikono ya watu wa nyuma. Ukishamaliza niandikie hapo kwenye duka la achari umeona nini.